Visivyoelea Navyo Vimeundwa: Bahari ya Chini katika Ushairi wa Pwani

Methali isemayo kwamba ukiona vyaelea, vimeundwa, ina harufu ya pwani, miongoni mwa watu waliojua gharama ya kuunda chombo. Humtaka mtazamaji asiishie kulishangaa jahazi lililotia nanga, bali amkumbuke fundi, tezo na keekee yake, mbao zilizochaguliwa moja moja, na siku nyingi za jua zilizopita kabla ya jahazi hilo kushuliwa. Ni methali ya kuiheshimu kazi. Hata hivyo, inaonyesha pia mahali ambapo jicho la pwani limezoea kutua, nako ni juu ya maji, penye kuelea. Pima chache chini ya mkuku wa jahazi hilo kuna kitu kingine kilichoundwa, kikubwa kuliko chombo chochote na cha kale kuliko mji wowote wa Waswahili. Kitu hicho ni mwamba wa matumbawe. Makala haya yanauliza swali moja: ushairi wa Kiswahili, ambao umeishi ukingoni mwa mwamba huo kwa karne nyingi, umeuona kwa kiasi gani?

Hapana atakayedai kwamba ushairi huu umeisahau bahari. Muyaka bin Haji, aliyeishi Mombasa baina ya 1776 na 1840, aliuchukua ulimwengu wa vyombo, pepo na bandari akaufanya kuwa lugha ya kuzungumzia mapenzi, siasa na misukosuko ya mji wake. Marehemu Haji Gora Haji wa Tumbatu, aliyefariki 2021 na ambaye aliijua kazi ya bahari kwa mikono yake mwenyewe, aliipa diwani yake ya 1994 jina la Kimbunga, na jina hilo latosha kuonyesha jinsi hali ya hewa ya visiwani inavyogeuka kuwa lugha ya mitikisiko ya jamii. Ahmed Sheikh Nabhany wa Lamu alikwenda hatua nyingine. Katika Sambo ya Kiwandeo, utendi uliochapishwa 1979, alikieleza chombo cha kale cha kisiwa chake na sehemu zake, ili msamiati wa waundaji usizikwe pamoja nao. Kazi hizi tatu zina watunzi wa tabia tofauti na wa nyakati tofauti, lakini bahari yao inafanana. Ni bahari ya njia na upepo, ya omo na tezi, ya kuondoka na kurejea. Anayeisoma hujifunza mengi kuhusu kusi na kaskazi, wala hajifunzi kitu kuhusu kinachoishi chini ya kivuli cha tanga.

Pale ushairi wa kale ulipozama, ulizama kwa sababu maalumu. Kitenzi "kutunga" chenyewe kina maana ya kupitisha ushanga katika uzi, na watunzi wa kale walipenda kuzifananisha beti zao na lulu zilizotungwa mkufu. Basi kilindi kikawa hazina. Mzamiaji hushuka, hufumba macho kwa chumvi, huokota chaza, hupanda na lulu. Akishaipata, kilindi hakina kazi tena. Sitiari hii ni nzuri, na imewatumikia wengi. Lakini ina upungufu wake: chaza hatajwi isipokuwa kama sanduku la lulu, na mahali alipokuwa ameshikilia hapatajwi kabisa. Upande wa pili wa sitiari hiyo ni kilindi cha hofu, mahali pa kupotelea, pa giza lisilo na mwisho, ambapo aliyezama hatoki. Kwa hivyo bahari ya chini imekuwa na sura mbili tu katika tungo nyingi: kasha la mali na kaburi. Katika sura zote mbili hakuna kiumbe anayeishi humo kwa ajili yake mwenyewe.

Ili kuelewa kilichoachwa nje, inafaa kuueleza mwamba kama ulivyo. Tumbawe linaonekana kama jiwe, na baadhi ya watu huliona kama mmea, lakini ni koloni la wanyama wadogo wenye miili laini, ambao kila mmoja hujijengea kikombe cha chokaa anachokichuja kutoka katika maji ya bahari. Ndani ya nyama ya wanyama hao huishi mwani mdogo usioonekana kwa macho, ambao hutumia mwanga wa jua kutengeneza chakula, humpa mwenyeji wake sehemu kubwa ya chakula hicho, na humpa pia rangi. Kizazi kikifa, kingine hujenga juu ya vikombe vilivyoachwa. Matumbawe makubwa ya duara, yale magumu yanayofanana na vichwa vya majitu, hukua kwa takriban sentimita moja kwa mwaka. Kichwa chenye urefu wa mita tatu huenda kilianza kabla jiji la Zanzibar halijawa na nyumba ya ghorofa. Haba na haba, wasemavyo watu, hujaza kibaba. Hapa imejenga ukuta unaolinda visiwa dhidi ya mawimbi ya bahari kuu.

Zaidi ya hayo, visiwa vyenyewe ni miamba ya kale. Anayetembea katika uwanda wa mashariki ya Unguja, kwenye ardhi ya mawe makali ambapo mhogo hupandwa katika vishimo vya udongo, anatembea juu ya matumbawe yaliyojengwa wakati bahari ilipokuwa juu kuliko ilivyo leo. Wanajiolojia hukadiria kwamba sehemu kubwa ya mawe hayo ina umri wa zaidi ya miaka 100,000. Ukilivunja jiwe la maweni utaona ndani yake alama za nyota na mistari, umbo la wanyama walioishi kabla ya mtu yeyote kuvuka mkondo kuja kisiwani. Viumbe wa kale wa baharini, basi, hawapatikani katika vilindi tu. Wamo katika kuta za vijiji, katika visima, na katika mawe yanayosimamishwa makaburini.

Wamo pia katika fasihi, na hapa ndipo ukosoaji unapopata kazi yake. Miongoni mwa maandishi ya kale zaidi yenye tarehe katika Afrika Mashariki ni yale ya msikiti wa Kizimkazi Dimbani, kusini mwa Unguja, ambapo kwa hati ya Kufi umetajwa mwaka 500 wa Hijria, yaani 1107 Miladia. Maandishi hayo yamechongwa katika tumbawe. Mafundi wa pwani walijua kwamba tumbawe laini likikatwa likiwa hai au bichi chini ya maji huchongeka vizuri, na likikaa katika hewa huwa gumu. Kwa ajili hiyo walilitumia kwa mihirabu, kwa miimo ya milango na kwa vidaka, wakaacha jiwe la kuchimba ardhini kwa kuta nene, na wakachoma matumbawe mengine kwa magogo ili kupata chokaa. Kwa maneno mengine, ukurasa wa kwanza wa kisiwa hiki uliwahi kupumua.

Msomaji akiwa na habari hii mkononi, na airudie Al-Inkishafi. Utendi huo unaohusishwa na Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir, ambao huwekwa mwanzoni mwa karne ya 19, huukemea moyo unaoshikamana na dunia, na huuonyesha magofu ya Pate kama hoja. Nyumba zilizong'ara kwa taa zimekuwa kimya. Vidaka vilivyopangwa vyombo vya kaure vimegeuka makazi ya ndege. Wachambuzi wengi wameisoma sehemu hiyo kama maombolezo ya ustaarabu ulioanguka, na usomaji huo ni sahihi. Lakini vidaka vile vilikuwa vya tumbawe na chokaa. Jiwe lake lilikwisha kufa mara moja kabla ya kufa kwa nyumba: lilitolewa kwenye mwamba likiwa hai, likaitwa ukuta, likapambwa, kisha likaachwa. Anayelijua hilo huyasikia maswali ya utendi, yale ya waliokuwako na sasa hawako, yakiulizwa mara mbili, kwanza kuhusu matajiri wa Pate, kisha kuhusu wajenzi wadogo wasiohesabika ambao miili yao ilikuwa nyumba kabla ya nyumba. Ndege waliorudi vidakani, katika usomaji huu, si ishara ya uharibifu peke yake. Ni viumbe wengine wanaopanga katika jengo lililoachwa, kama samaki wanavyopanga katika matumbawe yaliyokufa.

Si haki kudai kwamba mtunzi alikusudia maana hiyo. Hakuihitaji, hoja yake ilisimama bila ya hiyo. Linaloweza kudaiwa ni kwamba utendi mkubwa huwa na nafasi ya maarifa ambayo mtunzi wake hakuyatia, na kwamba maarifa ya mwamba huizidisha nguvu hoja ya Al-Inkishafi kuhusu kupita kwa dunia badala ya kuipunguza. Huu ndio mtihani wa haki wa elimu yoyote ya nje inayoletwa katika ushairi: je, inauvunja utungo au inaufungua?

Kuna jambo jingine ambalo mwamba unalifanya, nalo linagusa moja kwa moja kazi ya mwandishi. Mwamba huweka tarehe. Matumbawe makubwa huwa na pete za mwaka kama shina la mti, na ndani ya chokaa yake hubaki alama za joto la maji ya kila mwaka. Katika 2000 wanasayansi walichapisha matokeo ya uchunguzi wa tumbawe la Malindi, lililotobolewa ili kutoa mche mrefu wa chokaa, na mche huo ulitoa kumbukumbu ya takriban miaka 194, kuanzia 1801 hadi 1994. Uchunguzi mwingine wa matumbawe ya eneo hilo ulionyesha jinsi udongo unaoletwa baharini na mto Sabaki ulivyoongezeka katika karne ya 20, kadiri ardhi ya bara ilivyolimwa na kuvuliwa miti yake. Miaka ambayo Muyaka alikuwa akitunga Mombasa, na ambayo waandishi wa Pate walikuwa wakihifadhi habari za masultani wao, wanyama wadogo wa Malindi walikuwa wakiandika joto na mvua. Pwani ina tarehe za wafalme. Ina pia tarehe ya maji. Mshairi anayetafuta taswira ya kumbukumbu isiyojisifu angeweza kutafuta mbali sana asipate iliyo bora kuliko hiyo.

Kisa cha silikanti kinalipeleka swali hili mahali pagumu zaidi, kwa kuwa kinahusu nani huhesabiwa kuwa anajua. Mnamo Desemba 1938, meli ya uvuvi ilimleta East London, Afrika Kusini, samaki mkubwa wa buluu mwenye mapezi yanayofanana na viungo. Marjorie Courtenay-Latimer, aliyesimamia makumbusho ya mji huo, aliona kwamba si samaki wa kawaida, na mtaalamu J.L.B. Smith akamtambua kuwa wa ukoo uliodhaniwa kutoweka tangu zama za dinosaria, yapata miaka milioni 66 iliyopita. Smith alimtafuta samaki wa pili kwa miaka 14. Alipatikana Desemba 1952 katika kisiwa cha Nzwani, Komoro, na serikali ya Afrika Kusini ikatoa ndege ya jeshi kwenda kumchukua. Dunia ikashangaa. Wavuvi wa Komoro walishangaa pia, ila kwa sababu nyingine. Wao walikuwa na jina lake, gombessa. Walimpata mara moja moja usiku wanapovua kwa mshipi katika maji marefu, na walijua kwamba nyama yake haithaminiwi.

Kuanzia 2003 silikanti walianza kunaswa katika pwani ya Tanzania, hasa upande wa Tanga, katika majarife yaliyotegwa kwenye kina kwa ajili ya papa, na 2009 ikaanzishwa Hifadhi ya Bahari ya Silikanti Tanga. Utafiti uliochapishwa 2021 ulikadiria kwamba samaki huyu huweza kuishi takriban miaka 100 na hubeba mimba kwa miaka mitano hivi. Shaaban Robert alizaliwa 1909 katika kijiji cha Vibambani, karibu na Tanga. Ikiwa makadirio hayo ni sahihi, basi samaki aliyekuwa mchanga mshairi alipokuwa akijifunza kusoma huenda alikuwa bado hai katika mapango ya chini wakati majarife ya kwanza yaliposhuka.

Habari ya silikanti husimuliwa daima kama ugunduzi, na katika lugha ya sayansi ndivyo ilivyo, kwa maana ya kumpa kiumbe nafasi katika mpango wa viumbe wote. Lakini aliyemwita gombessa hakumgundua, alimjua. Aina hizi mbili za kujua hazipingani. Moja hueleza umri wa ukoo, nyingine hueleza usiku wa kuvua na urefu wa mshipi. Ushairi ni mojawapo ya mahali pachache ambapo zote mbili zingeweza kukaa katika ubeti mmoja bila ya moja kuitumikisha nyingine, na ndiyo maana kimya cha ushairi juu ya bahari ya chini ni hasara kubwa kuliko inavyoonekana.

Pingamizi lililo zito linajulikana: mshairi si mwanasayansi, na utungo uliojaa majina ya samaki na hesabu za miaka huishia kuwa orodha yenye vina. Pingamizi hilo lina ukweli. Tenzi za kufundisha uzazi wa majira, kilimo na afya zimeandikwa kwa wingi, na nyingi zimesahaulika kwa sababu mizani ilikuwa kamba ya kufungia mzigo tu. Lakini Nabhany alikwisha kulijibu pingamizi hili kwa vitendo. Sambo ya Kiwandeo ina orodha, nayo ni hai kwa kuwa kila sehemu ya chombo imetajwa mahali pake katika kazi, mkono ukiwa juu yake. Alifanya hivyo tena kwa mnazi katika Umbuji wa Mnazi. Mwamba haujapata nafasi inayolingana na ya chombo na mnazi. Tofauti baina ya orodha iliyokufa na iliyo hai haitokani na wingi wa majina. Inatokana na kama mtunzi amewahi kusimama pale anapoyataja.

Haja ya jambo hili si ya kisanaa pekee. Taswira iliyozoeleka mno ya bahari katika ushairi ni ya kitu kisichopungua: watu huja na kwenda, falme huanguka, bahari hubaki. Katika 1998 maji ya Bahari ya Hindi magharibi yalipata joto lisilo la kawaida. Matumbawe yakautoa mwani wake, yakapauka, na katika miamba mingine mengi yalikufa ndani ya miezi michache. Joto lilirejea 2016. Aprili 2024 taasisi za kimataifa zinazofuatilia miamba zilitangaza tukio la nne la kupauka kwa matumbawe duniani kote, na pwani ya Afrika Mashariki haikusalimika. Mshairi wa leo anayeandika kwamba bahari ni ile ile aliyoiacha babu yake anaandika uongo, hata kama vina vyake ni safi. Taswira ya kudumu iliazimwa kutoka kwa bahari; sasa bahari inaidai irudishwe.

Pamoja na matumbawe, yanaondoka maneno. Mvuvi wa madema anajua majina ya vijamba, mafungu na milango ya maji ambayo hayamo katika ramani yoyote. Kila eneo likifa, jina lake hukosa mtu wa kulitumia, na baada ya kizazi kimoja hukosa mtu wa kulijua. Kinyume chake pia kimeonekana. Katika kisiwa cha Chumbe, ambacho mwamba wake ulitangazwa kuwa hifadhi 1994, waliokuwa wavuvi walifunzwa wakawa walinzi na waongozaji, na wanafunzi wa Zanzibar hupelekwa huko kutazama chini ya maji. Kwa wengi wao huwa ni mara ya kwanza kuona kile ambacho nyumba zao zimejengwa nacho.

Wala si lazima mshairi awe na miwani ya kuzamia. Siku za bamvua, maji yanapotoka hadi mwambani, wanawake wa Jambiani na Makunduchi hutembea juu ya mwamba na michokoo mikononi wakitafuta pweza. Wanajua ni pango lipi lina mwenyewe na lipi limehamwa. Wanajua tumbawe lililo hai kwa rangi yake na lililokufa kwa utelezi wa mwani juu yake. Wanajua ni wakati gani wa kugeuka kabla maji hayajajaa. Maarifa hayo yana istilahi zake, mwendo wake na hatari zake, na yameishi midomoni muda mrefu kabla ya neno hifadhi kuingia visiwani. Mtunzi atakayefuatana nao asubuhi moja, akasikiliza kabla ya kuhesabu mizani, atarudi na utendi ambao pwani hii imekuwa ikiuhitaji.